Dawa ya Kuoteshea Maua Sebuleni Kwetu

Mwaka wa kwanza wa ndoa yangu, sebule yetu ya mtaa wa Izia, mjini Sumbawanga, ilinuka kondoo aliyelowa mvua. Hatukuwa na kondoo. Tulikuwa na maua.

Mimi na mume wangu tulitoka Mbeya. Mimi nilikuwa mpiga chapa katika ofisi ya wilaya, yeye bwana shamba. Ilikuwa miaka ile watu wanahamishiwa vijiji vya ujamaa, na kazi yake ilikuwa kupima mashamba ya vijiji hivyo vipya. Miti ilikatwa kupisha nyumba, na juu ya matawi yaliyolala chini alikuta okidi za mwituni, zile zenye maua ya manjano na madoa ya kahawia. Wenzake walirudi mjini na kuni. Yeye alirudi na okidi zimeviringishwa kwenye gunia, uso umejaa furaha kama ameokoa watu motoni.

Hilo sikulichukia. Nilianza kuchukia pale mtaalamu mmoja wa kigeni, aliyekuwa anamaliza mkataba wake, alipomwachia kopo la dawa. Ilikuwa homoni ya kukuza mimea, imechanganywa na mafuta yanayotolewa kwenye manyoya ya kondoo. Ilikuwa nzito, ya rangi ya kamasi, na ukiigusa haitoki mkononi hata kwa maji ya moto.

Shina la okidi hizo lina vifundo kama muwa. Kwenye kila kifundo kuna jicho limelala chini ya ganda. Mume wangu alilichubua ganda lile kwa kisu changu cha jikoni, akapaka dawa kidogo kwa ncha ya kijiti, kisha akangoja. Baada ya majuma kadhaa jicho liliamka, likatoa mche mdogo wenye mizizi yake. Mche huo yeye aliuita mtoto.

"Njoo uone, mke wangu! Mtoto ametoka!"

Nami nilikuwa na mimba ya miezi mitatu, nimeshika ukingo wa beseni, sijabakiza kitu tumboni.

Ulipofika mwezi wa sita upepo wa Sumbawanga ukaanza kukata masikio, mume wangu akaiingiza mimea yake yote ndani. Okidi zilining'inia dirishani. Vipandikizi vya maua mengine alivichomeka kwenye makopo ya maziwa, vikajaa juu ya kabati na chini ya viti. Nusu yake ilioza. Ukivuta jani, shina linabaki mkononi limegeuka uji mweusi. Na kwa kuwa hakukuwa na mbolea, aliweka debe kwenye kona, akawa anamwaga humo maji tuliyooshea migebuka, samaki wa ziwani kutoka Kasanga. Alilifunika kwa ubao. Siku moja nililifunua nikitafuta ndoo, nikaona uso wa maji unacheza. Walikuwa funza.

"Wana virutubisho," alisema.

Nililala chumbani na khanga puani.

Halafu akaingiwa na tamaa. Badala ya kupaka kidogo, alipaka kama mtu anayepaka siagi kwenye mkate, ili watoto watoke wengi kwa mara moja. Vifundo vikavimba. Vilitoa uvimbe laini, mweupe-kijani, na juu yake vichipukizi vimebanana kama meno yaliyoota vibaya, hakuna hata kimoja chenye mzizi. Alivisogelea na taa, akavibonyeza kwa kidole, kimoja kikapasuka na kumtemea ute. Akajifuta kwenye suruali. Kisha akaja mezani kula.

Wakati huo ndipo mama mkwe alipofika kutoka Mbeya kunisaidia. Madukani hakukuwa na mafuta ya kupaka, na baridi ilikuwa imempasua visigino mpaka vinatoa damu. Asubuhi ya siku ya pili nilimkuta kwenye mkeka, mguu ameunyoosha, anajipaka taratibu mpaka kwenye magoti.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu."

"Mama, hayo mafuta umeyatoa wapi?"

"Pale dirishani. Mna mafuta mazuri hivi, mmeyaficha kwenye majani!"

Mume wangu akatoka chumbani. Nilimtazama usoni, kwa hiyo najua alichotazama. Hakutazama miguu ya mama yake. Alitazama kopo.

"Mama! Umeyamaliza?"

Kichefuchefu cha mimba nilishakizoea. Kile kilichonipanda asubuhi ile kilikuwa kingine, na kilimhusu yeye.

"Kwani ni ya nini?" mama aliuliza.

"Ni dawa. Ya kuchipushia matawi."

Mama aliitazama miguu yake. Tulichemsha maji, tukamsugua kwa majivu, mimi mguu huu, mume wangu mguu ule. Mafuta yakaniingia chini ya kucha. Nilitapika kwenye beseni lile lile, miguu ya mama ikiwa bado ndani. Hakuniondoa. Alinishika kichwa kwa mikono yake yenye majivu, akamgeukia mwanawe.

"Mkeo amekonda hivi, na wewe unahesabu watoto wa majani. Vitoe."

"Nje kuna baridi, mama. Vitakufa."

"Vife."

Havikufa vyote. Alivipeleka misheni kwa mtawa mmoja mzee aliyekuwa na baraza la vioo lisiloingiza baridi, akaenda na kurudi mara nne kwa baiskeli. Debe alilibeba mwisho, na mlangoni likamponyoka. Maji yale yalienda mpaka chini ya kabati, funza wakabaki wanajikunja sakafuni. Alisimama tu, viatu vimelowa, na kwa mara ya kwanza nilimwona naye anaziba pua.

Kesho yake mtawa alituma shukrani: mche mzima wa sabuni. Mama mkwe alisema tuukate vipande, tufulie nepi mtoto akija. Nilikataa. Nilipiga magoti, nikasugua sakafu na miguu ya viti na fremu ya dirisha, mpaka sabuni ikaniishia mkononi. Mume wangu alikuwa ananichotea maji.