Watoto Ambao Hawakushikwa Mkono

Noella hakuwahi kumshika mtoto wake mkono njiani. Wanawake wengine wa mtaa wa Kilibula walikwenda sokoni na watoto wakining'inia kwenye vidole vyao. Yeye alitangulia, beseni la ndagala, samaki wadogo wakavu, kichwani, binti yake Chance na kaka yake Pitchou wakimfuata. Mmoja akimgusa, aliuondoa mkono haraka. Aliwalisha, akawavalisha, akawasomesha. Lakini Pitchou alipofikisha miaka kumi na tisa alisema, "Huyu mama hakutupendaka," akapanda boti la Kalemie, na hakupiga simu tena.

Chance alibaki, akamzaa Olga. Hakujua kwamba naye anafanya vilevile mpaka mwalimu wa shule ya watoto wadogo alipomwita.

"Tukicheza duara, Olga anakataaka kushikana mikono na wenzake. Nikimuuliza, anasema kwao hawashikanaka."

Jioni ile Chance alimkuta mama yake uani akichambua ndagala. Akamuuliza, "Mama, juu ya nini hukutushikaka mukono?"

Noella aliendelea kuchambua. Baadaye akaanza kusema bila kuinua uso. Mwaka wa 1996, walipokimbia vita kutoka Luvungi, alikuwa na miaka kumi na tano, na mdogo wake Félicité mitano. Walipotezana na wazazi barabarani. Wakaingia mto Ruzizi pamoja na kundi la watu, wavuke upande wa Burundi.

"Minye nilikuwa nimemukamata mukono. Maji ikaanza kutubeba sisi wawili." Akaokota ndagala mwingine. "Watu wote wanajua aliniponyoka. Hapana, Chance. Vidole nilifungua minye mwenyewe. Alikuwa ananiita yaya, yaya, minye dada yake mukubwa."

Chance alimnyooshea mkono. Mama yake akainuka, akaelekea ndani. Mlangoni akasimama.

"Weye, usimuambie Pitchou. Atanichukia."

Tangu kesho yake Chance alimpeleka Olga shule akimshika mkono. Wiki ya kwanza mkono wa mtoto ulilegea tu, na wa Chance ukatoka jasho. Kisha asubuhi moja Olga akautafuta mwenyewe. Noella, aliyekuwa akiwatazama, alisema, "Ni vizuri," akageuza uso.

Mara tatu Chance alimwomba ruhusa ya kumpigia Pitchou.

"Ngoja kwanza nijitayarishe," Noella alijibu kila mara.

Msimu wa mvua, kolera ikamkamata. Siku mbili tu, akafa. Pitchou alishuka kwenye boti siku moja baada ya maziko. Hakulia. Aliketi uani, na Chance akamwambia yote, neno kwa neno kama alivyoyasikia.

"Ulijua tangu wakati gani?" Pitchou akauliza.

"Miezi munane."

"Miezi munane." Alitazama mikono yake. "Namba yangu iko ileile, Chance. Minye ningekuja. Ningekuja hata kwa miguu."

"Alinikataza."

"Alikuwa mutoto! Miaka kumi na tano! Nani angemuchukia?" Hapo ndipo alipolia, na dada yake alipomkaribia alimwashiria amwache.

Alirudi Kalemie baada ya siku tatu. Sasa hupiga simu kila Jumapili baada ya misa, na huomba kuzungumza na Olga tu. Humuuliza amekula nini, amejifunza wimbo gani. Chance hukaa karibu na mtoto, akisikiliza, mpaka simu ikatwe.