Mtu wa Taa Aliyeogopa Kuanguka

Mimi ni mshonaji wa mavazi katika studio ya filamu hapa Helsinki, na kabla mtu mwingine hajajua kwamba Taisto Hyvärinen anaogopa, suruali zake zilikwisha niambia. Kila Ijumaa aliniletea moja iliyotoboka magotini. Sasa, mtu wa taa hutembea juu ya mbao zilizotundikwa darini, mita nane juu ya vichwa vyetu. Hatambai. Nilimbana kwa maswali hadi akasema.

Ilianza baada ya mwenzake Eino kuteleza kutoka huko juu na kufa mbele ya macho yetu. Watu wa taa wana desturi yao: asubuhi inayofuata genge zima hupanda na kunywa kahawa kwenye ubao uleule, miguu ikining'inia. Asiyepanda hana kazi. Taisto alipanda, akanywa, akacheka na wenzake, na alipotaka kusimama magoti yakakataa. Tangu siku hiyo alikuwa akifika saa nzima kabla yao, ili atambae hadi kwenye taa yake bila kuonekana.

Aliniomba nisimwambie Lampela, mkuu wa genge, mzee mkavu kama mkate mweusi wa wiki iliyopita. Lampela humfukuza mwenye hofu siku hiyohiyo, wala simlaumu, maana taa moja ina kilo arobaini na sisi tuko chini yake. Lakini Taisto aliingia studio akiwa na miaka kumi na sita na hakujua kazi nyingine. Basi nikanyamaza, mjinga mimi, na kwa wiki saba nikashona huku nimezamisha shingo mabegani. Nilimwogopea yeye, na kusema kweli nilijiogopea zaidi mwenyewe.

Mwezi Machi mwongozaji wetu, Bwana Sandelin, alikuwa akipiga filamu ya kesi ya mauaji. Lampela, akiwa juu, akamwita Taisto ageuze taa. Taa haikusogea. Akaita tena. Sote tukainua macho. Taisto alikuwa amelala kifudifudi, amekumbatia ubao, uso wake unachungulia pembeni. Nikajua mambo yamekwisha. Lampela alimfuata, akamshusha ngazini kipago kwa kipago.

Sandelin alimsogelea akamchunguza usoni kama mtu anayenunua samaki. Alihitaji shahidi anayemwogopa muuaji, na mwigizaji aliyekuwa naye alijua kuogopa kwa nyusi tu.

"Unaweza kusema 'Sikuona kitu'?"

"Naweza, bwana."

"Haya, kasimame pale. Dada Aune, mvishe koti."

Nilimfunga vifungo. Aliniambia kwa sauti ya chini kwamba akiharibu hapa, hana pengine pa kusimama. Kamera ikaanza, na Taisto akafanya kosa ambalo ni mtu wa taa tu angelifanya: akabana pumzi. Huko juu kamera ikizunguka hupumui wala husogei, maana ubao ukilia, sauti yote imeharibika. Miaka kumi na mmoja aliishi hivyo. Sasa muuaji anamkodolea macho, hakimu anasubiri jibu, na yeye yuko kimya, mishipa ya shingo imevimba, machozi yanamlenga. Nilitaka kupiga kelele apumue. Sandelin hakusimamisha kitu. Mwishowe neno likamtoka pamoja na pumzi yote: "Sikuona."

Sandelin akasema inatosha, na kwamba Jumatatu Taisto aje kama mwigizaji.

Jioni Lampela akaja chumbani kwangu, tulipokuwa tunalivua lile koti. Taisto akasimama wima kungoja matusi yake. Mzee akafunga mlango, akavua kofia.

"Huyo mwongozaji wako," akasema, "hana nafasi ya mzee? Hata wa kukaa tu benchini."

Nilidhani anamdhihaki.

"Mwaka wa sita huu, kijana," akasema. "Napanda nimefumba macho."

Taisto alimwombea nafasi kwa Sandelin mara nne, hadi akafokewa. Jibu lilikuwa moja, kwamba mzee hana uso wa filamu. Jumatatu ile Lampela alipanda, na Jumanne akapanda.

Miaka mitatu imepita. Taisto amekwisha igiza katika filamu tisa: karani, mlevi, mwizi wa kuku, kila mara mtu mwenye hofu. Magazeti humsifu kwa jinsi macho yake yanavyoruka juu ghafla katikati ya maneno, na vijana wa shule ya maigizo wanamuiga. Wanadhani ni ufundi. Lampela amebakiza mwaka mmoja astaafu, na kila kamera inapoanza, Taisto anatazama iwapo mzee bado yuko juu ya ubao. Nami hutazama.