Odile Kermadec na Mgomo wa Kiwanda cha Majiko

Odile Kermadec, niwaeleze wapenzi wangu, ni mwanamke ambaye popote alipofika na kamera yake hakuaminiwa. Binti wa tarishi wa Brest, mji wa bandari huko Ufaransa, alianza kwa kupiga filamu za harusi, akaziacha, akafuata siasa. Alipowapiga filamu makuli wa bandari waliogoma, polisi walimwita mkomunisti. Alipowapiga filamu polisi, wakomunisti wakamwita mpelelezi. Yeye alikunywa kahawa na wote.

Kwetu Ardennes alikuja mwaka tulipokikalia kiwanda cha majiko ya chuma kisifungwe. Tulilala humo, na kila jambo tulilipigia kura uani kwa kipaza sauti. Uamuzi usiosomwa mbele ya wote, kwetu haukuwa uamuzi.

Asubuhi moja tuliafikiana kuyatoa majiko jioni kwa lango la nyuma, tukayafiche mkurugenzi asiyachukue. Jioni ilipofika, malori ya mkurugenzi yalikuwa yamekwisha kuliziba lango. Nani katusaliti? Macho yote yakamgeukia Odile, maana asubuhi ile alionekana akitoka nyumbani kwa mkurugenzi, ng'ambo ya barabara.

Gaëtan, kiongozi wetu wa mgomo, akamzuia mlangoni mwa bwalo.

"Bibie, kwa bosi umekula nini?"

"Kahawa tu. Tena chungu."

"Umetuuza kwa kahawa chungu? Hata biashara huijui."

Watu wakacheka, kicheko kibaya.

"Nilikuwa nampiga filamu, ndugu Gaëtan, kama ninavyowapiga ninyi."

"Basi tuonyeshe."

"Nikiwaonyesha yake leo, kesho atataka yenu. Nitamwambia nini?"

"Mwambie yetu umeshamwonyesha."

Jocelyne, mpishi wetu, akamvuta kando. "Mwanangu, waonyeshe. Wakikutoa humu, filamu yako itakosa mwisho."

Odile akatikisa kichwa, akafunga sanduku la kamera. Tukamsindikiza nje. Wiki iliyofuata polisi walipotutoa kwa virungu, kamera yake iliambulia ukuta wa nje na kelele zetu.

Alikuwa na desturi yake: aliowapiga filamu ndio waione kwanza, kabla ya Paris. Wakati wa baridi akarudi, akatundika shuka la kuonyeshea filamu katika ukumbi wa manispaa. Mkurugenzi naye alikuja, akakaa nyuma peke yake.

Basi tukamwona huyo mkurugenzi kwenye shuka, kikombe mkononi, dirisha wazi. Kutoka uani ikasikika sauti ya Gaëtan, kubwa, safi: "Lango la nyuma, jioni hii. Wanaoafiki?" Mkurugenzi akaweka kikombe chini, akanyanyua simu.

Taa zilipowashwa, Gaëtan alikuwa amekwisha kusimama.

"Ulikuwa humo chumbani. Ukasikia anaita malori."

"Nilisikia."

"Ukaja kwetu, ukakaa, ukala supu yetu."

"Nilikula. Mambo yenu sikumpelekea, na yake sikuwaletea."

"Hebu mwacheni," akasema Jocelyne. "Si mmeona nani kapiga kelele?"

"Nimeona alichotaka nione," Gaëtan akajibu. Akamgeukia Odile. "Na vipande ulivyokata, viko wapi?"

"Nyumbani kwangu."

"Nani kaviona?"

"Mimi."

Gaëtan akavaa kofia. "Basi mimi filamu yako sijaiona bado," akasema, akatoka. Nusu ya ukumbi ikamfuata, na Odile akaanza kukunja shuka, Jocelyne akimshikia ncha.