Mafuta ya Nazi Kwenye Fidla

Juzi kwenye televisheni binti mmoja aliweka chini upinde wa fidla, akadonoa nyuzi kwa vidole. Papo hapo nikasikia harufu ya mafuta ya nazi.

Alasiri moja utotoni mwangu, Kariakoo, dada yangu Zuhura alikuwa apige fidla harusini kwa jirani, mara yake ya kwanza mbele ya watu. Bibi akaziona nywele za upinde wake.

“Kavu hivi? Mjukuu wangu ataaibika!”

Akazipaka mafuta, nami nikamshikia chupa.

Harusini, kwa mafuta yale, upinde uliteleza juu ya nyuzi bila sauti. Watoto wakazomea. Zuhura akauweka chini, akadonoa nyuzi kwa vidole mpaka vigelegele vikapasuka.

“Umeona?” Bibi akaninong'oneza. “Mafuta yameilainisha sauti.”

Nilimwamini mpaka nikaota ndevu.