Shikamoo ya Baba Mdogo

Kila nikinusa moshi wa jenereta namwona bibi kwenye kibanda cha video pale Ifakara, khanga ameivuta hadi mdomoni. Mwanawe, baba yangu mdogo, alikuwa mwigizaji kule Zaire, kwenye sinema za Kifaransa, na kazi aliyopewa ilikuwa moja tu, kufa. Sidhani kama kuna binadamu aliyekufa mara nyingi kama yeye. Mchana ule, mbele ya macho yetu, alipigwa risasi kifuani.

"Ni maigizo tu, bibi," nikamwambia.

"Mwanangu namjua akilala, na leo nimemjua akifa."

Akaanza kulia. Kufika jioni uwanja wetu ulikuwa na waombolezaji wa kujaza bonde zima la Kilombero.

Siku ya tatu baba mdogo akashuka kwenye treni na begi lake, akaukuta msiba wake mwenyewe. Akapiga magoti. "Shikamoo, mama."

Bibi hakuitika. Alimfungua vifungo vya shati, akampapasa kifua polepole akitafuta tundu.

"Wamekushona vizuri," akasema, akaondoa mkono.

Baba mdogo hakuigiza tena. Kila asubuhi alipiga magoti mlangoni pa mama yake akatoa shikamoo, mpaka tukamzika bibi hajaitika.