Kaka Yangu Aliyekuwa Robin

Kaka yangu Piers alikuwa mwezekaji. Ukipita hapa Hollerby leo, nusu ya mapaa unayoyaona ni kazi ya mikono yake, na hayavuji. Alikuwa mrefu, mwenye haya, mtu wa kushinda juu ya paa kutwa nzima bila kusema na mtu. Mkewe, wifi yangu Ibbot, alikuwa akimtania: "Mume wangu anaongea siku moja tu kwa mwaka, na siku hiyo anamsemea mwizi."

Siku hiyo ni sikukuu ya Mei. Kila Mei kijiji kilichagua mtu wa kuwa Robin, yule jambazi wa msituni aliyewanyang'anya matajiri na kumtoa jasho liwali. Piers alishika nafasi hiyo mpaka watu wakasahau kwamba inaweza kupewa mtu mwingine. Akivaa joho la kijani, haya zote zinamtoka. Anapaza sauti, anaruka mapipa, anawabusu vikongwe. Wenzake wanamfuata na pinde zao, wanaziba barabara kwa kamba, na kila apitaye anakamatwa, anafungwa mtini, anavishwa taji la majani na kunyweshwa pombe yangu mimi Annis, mpaka akubali kutoa chochote kwa ajili ya kanisa. Kengele yetu ilipatikana hivyo. Padri mwenyewe alikuwa akishika ncha ya kamba.

Na desturi ilikuwa hivi: mateka lazima akatae. Ukikubali upesi umeharibu mchezo, watu wanakuzomea. Mateka mzuri anapiga yowe la wezi, anataja wakubwa anaowajua, anaapa kwamba wote mtanyongwa. Rafe, mwenye kinu, tulimpenda kwa hilo. Alitutukana mpaka povu likamtoka mdomoni, kisha akatoa gunia la unga akicheka.

Huyo Robin wa zamani alikuwa nani hasa, msiniulize mimi. Bibi yangu alimsimulia kama mkulima mwenye meno mabovu, aliyemkata liwali kichwa na kukitundika. Mama akamsimulia kama mcha Mungu asiyeweza kuiba kabla ya kusikiliza misa. Wachezaji wa mjini wakamtafutia mchumba. Siku hizi nasikia wenye mashamba makubwa wanasema eti alikuwa mtoto wa ukoo bora, aliyedhulumiwa ardhi yake. Alaa! Hata mwizi wa maskini nao wanamtaka! Kila msimulizi anamvika nguo zake mwenyewe, na maiti hana mdomo wa kukataa.

Majira ya baridi kabla ya Mei ya mwisho ya Piers, watu wa kaskazini walikuwa wamemwasi Mfalme, wakanyongwa makundi kwa makundi. Habari tulizipata. Lakini kaskazini ni mbali, na sisi tulikuwa na sikukuu yetu.

Mchana wa sikukuu akaja bwana mmoja juu ya farasi, amevaa nyeusi tupu, mtumishi wake nyuma. Piers akachomoka kichakani.

"Simama, mheshimiwa! Msitu huu una mwenyewe!"

"Nipisheni. Niko kwenye kazi ya Mfalme."

"Mfalme yupi? Humu mfalme ni mimi!"

Loo, tulicheka! Wakamshusha, wakamfunga mtini. Akapiga yowe, "Wezi! Waasi!" nasi tukampigia makofi. Rafe akaninong'oneza, "Annis, huyu ananishinda. Huyu ni fundi." Nikampelekea pombe mdomoni, akanitemea usoni.

"Mtanyongwa nyote!"

"Ongeza sauti, baba, wa nyuma hawasikii!" nikamwambia, na kijiji kizima kikashika mbavu.

Piers akafungua mfuko wa yule bwana, akatoa peni moja, akaiinua juu watu waione, akaurudisha mfuko kiunoni kwake kama desturi inavyotaka, kisha akambusu kipaji cha uso. Hapo ndipo macho yangu yalipoteremka nikaona suruali ya yule bwana imelowa. Mtu anayecheza hajikojolei.

"Piers," nikasema, "mfungue. Mfungue sasa hivi!"

Akatazama nilipotazama, na damu ikamkimbia usoni. Alimfungua, akapiga magoti matopeni, akaomba radhi kwa Mungu na kwa Bikira. Yule bwana akapanda farasi wake bila kusema neno. Afadhali angetukana.

Askari walikuja kabla ya Pentekoste, wakauliza Robin ni yupi. Piers alikuwa juu ya paa la mjane mmoja. Akateremka mwenyewe, akajikung'uta mabua, akanyoosha mikono. Angekimbilia wapi? Msitu anaoukimbilia Robin ni wa nyimbo. Huu wa kwetu una walinzi wa Mfalme na mbwa wao.

Kesi ilisikilizwa mjini. Hakimu hakuwa mkali hata kidogo, na hilo ndilo lililonitisha.

"Ulisema wewe ndiye Robin, adui wa liwali?"

"Nilisema, mheshimiwa. Nasema kila mwaka."

"Ulisema msituni mfalme ni wewe?"

"Ndiyo, mheshimiwa, lakini ulikuwa mchezo."

"Na pesa ya mtu aliyefungwa kamba ulichukua?"

"Ya paa la kanisa, mheshimiwa."

Karani mmoja akacheka. Padri alipoulizwa ni nani aliyeruhusu mambo hayo, alitazama viatu vyake, akasema waumini wana mazoea ya kale ambayo amejitahidi sana kuyakomesha. Simchukii. Naye ana shingo. Ibbot, mjamzito, tumbo limeshakuwa kubwa, alishika pindo la joho la hakimu, na askari akambandua vidole taratibu. "Nenda nyumbani, mama," akamwambia. Nilikwenda mpaka kwenye nyumba ya yule bwana wa nyeusi, nimebeba bata bukini wangu mnono kuliko wote. Mkewe akampokea bata, akafunga mlango. Kweli, dua la kuku halimpati mwewe.

Walimnyonga siku ya soko. Kijiji chote tulikwenda. Wale wenzake wa pinde walisimama mikono mitupu, wamezungukwa na mikuki, wanalia. Piers alitutazama mmoja mmoja. Nadhani hadi dakika ile alikuwa akingoja mtu aseme basi, mchezo umekwisha. Nani angesema? Alikuwa amekonda gerezani, kamba ikashindwa kummaliza, akawa anapapatika. Ndugu wanaruhusiwa kusaidia kifo kije upesi. Ibbot hakuweza. Nikaenda mimi. Nikaikumbatia miguu ya kaka yangu, nikaning'inia kwa uzito wangu wote mpaka akatulia.

Basi, miaka ikapita. Mchezo wa Mei ukapigwa marufuku. Lakini midomo ya watu nani ataipiga marufuku? Wimbo ulianzia humu humu kwenye kilabu changu cha pombe. Mwanzoni waliimba kwamba Piers alimtukana hakimu mbele ya umati. Hakumtukana. Halafu mshale ukakata kamba. Halafu watu arobaini wakatoka msituni wakamchukua. Rafe, aliyekuwa ameshika bega langu siku ile akilia kama mtoto, sasa anasema mshale ule ni wake! Zamani niliwatupia vikombe, nikawafukuza. Wakawa wananisubiri niteremke ghalani, kisha wanaanza tena kwa sauti ya chini. Homa ikamchukua Ibbot, naye alikuwa hajamwambia kitu binti yake, Emmot, aliyezaliwa baada ya mauti ya babake. Kila alipojaribu alitokwa na machozi badala ya maneno. Nikamlea mimi, na kila mwaka nikajiambia mwakani nitamwambia.

Sasa Emmot ni mchumba wa mtu. Majuzi, wakati wa mavuno, Rafe alimaliza hadithi yake kwa Piers kutokomea msituni juu ya farasi mweupe. Mgeni mmoja, mchuuzi wa sindano, akauliza kama ni kweli.

"Muulize Annis," Rafe akasema. "Dada yake huyu hapa. Alikuwepo."

Wote wakanigeukia. Nilimtazama Rafe kwa hasira, nikaona macho yake yananiomba. Emmot alikuwa amesimama na jagi mkononi, uso umemng'aa.

"Shangazi?"

Mikono yangu inaukumbuka uzito ule mpaka leo. Nikaificha chini ya aproni.

"Ndiyo," nikasema. "Alikwenda."

"Hakugeuka nyuma?"

"Hakugeuka, mwanangu."

Emmot akamjazia mgeni kikombe chake. "Ndiyo maana haji kututazama," akamweleza. "Anaogopa wasije wakatukamata sisi."