Nilivyofuta Karata, Unga wa Lubondja Ukarudi Uvira

Watu wa Baraka siku hizi hawanisemi usoni, lakini nikipita sokoni najua kuna anayecheka, na ana haki yake, kwa sababu ni mimi niliyekwamisha unga wa wakimbizi kwa ajili ya mchezo wa karata, tena mchezo ambao sikuwahi kuucheza hata mara moja.

Ilikuwa wakati wa vita, miaka ile watu walipokuwa wakishuka milimani na magodoro kichwani. Nilikuwa sekretere wa shirika moja la msaada lenye chumba kimoja, jenereta moja na kompyuta moja. Ndani ya kompyuta hiyo ndimo ilimokuwa orodha ya familia za kupewa unga: za Ubwari, za Nundu, za Lubondja. Bila orodha iliyochapishwa na kupigwa muhuri, hakuna gunia linaloshuka. Na lori lilipaswa kuondoka saa nane kamili, maana baada ya hapo barabara ya kurudi Uvira ilikuwa ya wenye bunduki.

Asubuhi ya kugawa nilifika mapema, nikawasha mashine, nikauona ule mchezo wa karata wa Papa Lubunga, mtunza ghala wetu (mtu mzima, ana wajukuu, anamaliza mafuta ya jenereta akitafuta malkia mwekundu!). Mimi napenda mpangilio. Nikasema leo naung'oa. Nikauondoa kwa njia halali, hatua kwa hatua, na katikati kikatokea kidirisha kikaniambia kwa Kifaransa cha adabu: faili hili ni la pamoja, lakini inaonekana hakuna programu nyingine inayolitumia, je, lifutwe? Mashine yenyewe imesema hakuna! Nikabonyeza ndiyo.

Saa mbili uwanja umejaa, nafungua orodha, haifunguki. Kuna faili halipo, inasema. Nikazima, nikawasha, nikaomba Mungu, halipo, hata kwenye kapu la takataka la mashine halipo. Nikatoka na megafoni (kosa la pili) nikatangaza kwamba mashine imekataa kutoa majina.

Mama Aluta, aliyewaongoza watu wa Lubondja siku mbili kwa miguu, akaja mpaka mbele yangu.

"Mashini inakulaka unga?"

"Hapana, mama."

"Basi muntu njo amekula. Tuambie jina yake, sekretere."

Uwanja mzima ukapiga kelele. Mimi, ninayehesabu hata vibanio vya karatasi, naitwa mwizi! Nikakimbilia foni, ile redio ya kuzungumza na ofisi ya Uvira, nikamwita fundi, na kwa haraka nikasahau kwamba dirisha liko wazi na sauti yake inafika mpaka kwenye mstari wa watu.

"Umefuta nini?" akauliza fundi.

"Karata tu."

"Karata na orodha binatumia faili moja, we! Ile ni kama kinu ya mu lupango. Nyumba tatu za kiwanja moja banatwangia humo. Moja inahama, na we unachoma kinu?"

"Lakini iliniambia hakuna anayelitumia!"

"Inahesabiaka tu benye balijiandikisha. Orodha yako haikujiandikishaka. Rudisha karata, CD yake itarudisha na faili."

Nje mtu akapaza sauti: "Bamama, musikie! Sisi tuko na njaa, bo banatafuta karata!" Watu wakacheka, wengine wakazomea.

CD ilikuwa ya Papa Lubunga, naye alikuwa amekaa juu ya magunia ananitazama.

"Sekretere, si ulisema ni mucezo ya bapumbafu?"

"Nilisema, Papa. Nisamehe."

"Sema na megafoni."

Nikasema na megafoni. Ndipo akaondoka kwenda kwake kuileta, ng'ambo ya soko, kwa mwendo wa askofu, akisalimia kila mlango, na aliporudi ilikuwa imepita saa sita.

Tukaweka karata, na kweli orodha ikafunguka (kwanza nilifurahi, kisha nikakasirika zaidi). Tukachapa. Ubwari wakaitwa kwanza kwa sababu mtumbwi wao ulikuwa unangoja, wakafuata Nundu, na kabla jina hata moja la Lubondja halijasomwa, saa nane ikafika, dereva akawasha lori.

Mama Aluta akashika mlango. "Unga yetu iko humo!"

"Mama, niachilie. Mi pia niko na batoto."

Lori likaondoka na magunia yao.

Wiki iliyofuata unga ulirudi, lakini watu wa Lubondja walikuwa wamesharudi kwao, na shirika likanituma huko kwa miguu nikawaite. Nilimkuta Mama Aluta, nikamweleza yote: faili la pamoja, kinu, kujiandikisha, kidirisha kilivyonidanganya. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Umemaliza?"

"Ndiyo, mama."

"Basi beba uyu mujukuu wangu. Mi nitabeba mwingine."

Nilimbeba siku mbili, na njia nzima mtoto huyo aliniuliza kama unga bado upo.

Tangu hapo kidirisha kile nimekutana nacho mara nyingi, na Kifaransa chake kilekile cha adabu. Nabonyeza hapana. Mashine ikijaa, na ijae.